Sakafu Tuliyoisikiliza

Binti yangu Mujinga,

Mama yako yuko ndani anafunga mzigo wako na kuufungua. Sasa hivi ametoa blanketi apate nafasi ya sufuria, na nina hakika kabla hujarudi kutoka kuwaaga wenzako wa kwaya atakuwa ametoa sufuria apate nafasi ya blanketi. Habari za chandarua, za maji ya kuchemsha, za kutokubali kuketi juu ya magunia kwenye lori, ameshakuambia na kesho asubuhi atakuambia tena. Sina la kuongeza hapo. Mimi nimeketi barazani kukujibu neno lako la jana, maana jana nilikujibu kwa makelele.

Ulisimama mlangoni mwa chumba cha kaka yako, mkeka wako umeubana kwapani, ukasema: "Baba, uniapie. Kila usiku utalala humu na utasikiliza. Kama hauniapie, mi siendi Musumba. Batafute mwalimu ingine."

Nilikuambia uache ujinga wa kitoto, nikabamiza mlango, nikaenda kuzurura mpaka kule kwenye reli. Ulidhani nimekasirika. Niliogopa, Mujinga, kwa sababu nakujua: ukisema hutakwenda, hutakwenda.

Basi jibu ni hili, nalitanguliza ili usihangaike kulitafuta katika kurasa: sitaapa. Sitaapa, na kesho utaondoka. Yaliyobaki ni kukueleza kwa nini, na ni marefu, kwa hiyo keti.

Habari ya shimo unaijua, lakini unaisimulia vibaya, na mimi kwa uoga wangu nimekuacha uisimulie hivyo miaka yote hii. Wewe unaianzia kwenye kamba. Haianzii hapo. Inaanza na mimi, fundi wa kufunga waya za mota kwenye karakana ya kampuni, niliyepewa nyumba hii ya Kapata nikiwa bado bwana harusi, kisha mishahara ikakatika na malipo ya uzeeni yakawa ahadi ya kila mkutano. Mstari wetu mzima wa nyumba ukaanza kuchimba. Watu walichimba jikoni, walichimba sebuleni, wakaning'iniza turubai madirishani ili watu wasijue, na hakukuwa na mtu asiyejua. Sisi tulichimba chumba cha kaka yako Mwamba. Tulisogeza kitanda chake, tukavunja sakafu, na hatukwenda mbali kabla ya kukuta lile jiwe jeusi la kobalti. Mama yako alilia alipoliona. Nilidhani ni furaha.

Siku ile mvua ilikuwa imenyesha juma zima. Mwamba alipanda juu kunywa maji, matope mpaka kwenye nyusi, akaniambia, "Baba, ukuta iko inatoka jasho." Mimi nilijua maana yake. Hata mtoto wa Kapata anajua maana yake. Nikamwambia alete mifuko iliyokwisha kujazwa, kisha tutapumzika mpaka mvua ipite. Alinitazama kidogo, akashuka. Wewe ulikuwa umeshika kamba ya kuvutia mifuko, kwa sababu kijana tuliyekuwa tukimlipa hakuja, na kwa sababu mimi nilisema ushike.

Hiyo ndiyo habari yote. Nimekusikia ukimwuliza mama yako kama Mwamba alisema "vuta" au alisema "acha". Umeniuliza mimi. Ulimwuliza hata katekista, maskini, aliyekuwa nyumbani kwake anakula. Sikusikia alichosema, na sitakudanganya kwamba nilisikia. Lakini hata lori zima lingevuta kamba ile, asingetoka. Udongo ulishuka kwa sababu ya maji, na kwa sababu mtu mzima aliujua ukuta ule na akatamani mifuko. Ulikuwa na miaka kumi na miwili. Lile neno la kumrudisha chini lilikuwa langu, na kama ni lazima libebwe, nilibebe mimi niliyelisema.

Yaliyofuata unayakumbuka. Vijana wa mstari wetu waliingia kumtafuta, udongo ukashuka tena, mmoja wao akatolewa mguu umevunjika vibaya. Nikasema basi. Tukajaza mchanga, tukamwaga sementi.

Kilio kilikuwa kikubwa. Uwanja ulijaa viti, akina mama walilala mikekani, waliimba usiku kucha, na hapakuwa na sanduku la kuzunguka. Katekista alisoma maneno yake mlangoni mwa chumba, akiitazama sakafu, na niliona mikono yake haijui pa kunyunyizia maji ya baraka. Kwa wengine, wakitoka makaburini wazee huketi, hushukuru watu, uwanja hufagiwa, na sufuria hurudi jikoni. Kilio kimekwisha, mtu aendelee kuishi kama anavyoweza. Kwetu watu waliondoka mmojammoja, kwa aibu, kama waliochoka kungoja basi. Hakuna aliyesema kimekwisha.

Mjomba wako alifika kutoka Musumba barabara imemchakaza, akaiangalia sakafu, akaniita nje. "Shemeji," aliniambia, "hii nyumba ilishakuwa kaburi. Batu habapikake mu kaburi. Mutoke humu." Nilimjibu vibaya. Lakini nilikuwa na sababu, na unaijua: tukitoka, atakayeingia atachimba. Hatapanga hata viti vyake kwanza. Atapita katikati ya mwanangu kufuata jiwe. Kwa hiyo tulibaki, tukapika kaburini. Watu walisema nimeshupaa, na kweli nilishupaa.

Sasa nikuambie niliyoyakosea, maana si shimo peke yake. Kwa shimo nimeshamwomba Mungu na bado hajanijibu. Nasema juu ya baadaye, juu ya siku za kawaida, zile ambazo mtu anadhani hazihesabiwi.

Jirani zetu, kwa wema wao, waliacha kumwita mama yako Mama Mwamba. Wakaanza kumwita Mama Mujinga. Mimi wakaniita Baba Mujinga. Mara ya kwanza ilikuwa pale bombani, jirani yetu Tata Kasongo ananisalimia, na nilimshika shati. Nilimwambia mwanangu wa kwanza hajafutwa. Nilirudi nyumbani nikamwamuru mama yako asiitike. Akanijibu huku anakanda unga wa maandazi: "Mi niko mama ya Mwamba, na niko mama ya Mujinga. Baniite jina yenye banataka." Na unga ule, unakumbuka, aliukanda kabla hata sementi haijakauka vizuri. Alienda sokoni na beseni lake watu wakimsengenya. Hata mimi nilimsengenya, ndani ya nyumba yangu.

Halafu ile jioni aliyocheka. Mama Kasongo alikuwa akimsimulia habari ya mbuzi aliyekula karatasi za mchungaji, na mama yako akacheka mpaka akashika mbavu. Nilitoka ndani. Nilisema, "Unacheka? Mu nyumba hii?" Nikalipiga teke jiko la makaa na mboga yote ya sombe ikamwagika. Wewe ulikuwa umeketi kwenye kibao, nawe ulikuwa unacheka, na nikaona uso wako unajifunga. Nimeutafuta uso ule wa kicheko tangu siku hiyo. Mama yako alinisamehe, au alichoka, sijui. Wewe hukucheka tena humu ndani, na mimi nilikuita mtoto mwenye adabu.

Nilidhani kula vizuri ni kumtukana Mwamba. Nilidhani kupaka rangi ukuta ni kumtukana. Redio niliipeleka kwa shangazi yako kule Tenke ili nisisikie muziki. Mama yako alikuwa amejua jambo ambalo mimi limenichukua miaka: kwamba unga ukikandwa, kuna saa moja ambayo mikono haitetemeki. Hakuwa amemsahau mtoto wake. Alikuwa anatafuta hiyo saa moja, na mimi nikaimwaga pamoja na sombe.

Kisha ule mlio. Tulikuwa mezani tunakula bukari, mvua imekatika. Kutoka chini ya sakafu tukasikia: du. Du. Du. Mama yako aliangusha tonge. Alikimbia chumbani, akalala kifudifudi, akaita, "Mwamba! Mwamba, mutoto yangu! Tuko hapa!" Miezi ilikuwa imepita. Mimi ni fundi, najua hewa inakaa muda gani chini kule, na bado nilichukua nyundo nikaanza kupasua sementi. Nilikuwa nalia na kupasua. Ni wewe uliyenigusa bega. Bado ulikuwa umeshika sahani. "Baba," ulisema, "mulio inatoka kule kwa Tata Kasongo."

Ulikuwa umesikia mlio unatoka upande gani. Walikuwa wachimbaji wa jirani, wanafuata jiwe lao chini ya nyumba zetu. Nilikwenda pale na nyundo mkononi, nikawatisha, wakageuza njia yao. Mama yako aliendelea kulala pale chini, shavu kwenye sementi, na hakuna aliyeweza kumwinua.

Mtu mwenye akili angejifunza mengi siku ile. Mimi nilijifunza kitu kimoja: kwamba binti yangu ana sikio zuri. Nikakuambia, "Wewe unasikia kunipita mimi. Lala humu. Ukisikia kitu, niamshe." Nilikutandikia mkeka kwa mikono yangu. Nilimweka mtoto aliyeshika kamba alale juu ya kaka yake, amlinde kwa sikio. Niliona ni jambo la heshima. Niliona hata ni dawa kwako, kuwa na kazi.

Na ilifaulu, ndiyo ubaya wake. Uliniamsha, nilikwenda, nilipiga mlango wa Kasongo, walihama upande. Mara nyingi hivyo. Ukafanya masomo yako pale chini, kitabu upande mmoja na sikio upande mwingine. Tulinyamaza mezani. Wageni walipungua kwa sababu tuliwafanya wanong'one. Tuliishi, Mujinga, tukaenda kanisani, tukanunua unga, ukakua ukanipita urefu, na ukitutazama kwa nje ungesema hawa wamerudi kwenye maisha yao. Tulikuwa bado ndani ya siku ileile, tumeipangia ratiba.

Ningeendelea hivyo mpaka kufa. Kilichoniamsha ni poda.

Siku matokeo yako ya dipulome yalipotoka, wenzako walikuja barabara nzima wakiimba, nyuso nyeupe kwa poda na unga, wamebeba bakuli wakumwagie kichwani kama inavyofanywa. Waliita, "Mujinga! Ulipita! Kuya inje tukumwangie!" Nilikuwa nyuma ya nyumba narekebisha paa la choo, nikashuka haraka, nikafurahi, naapa kwa hilo. Nilipofika pembeni nikakuona umefungua mlango kidogo tu, kidole mdomoni.

"Munyamaze, bandugu," uliwaambia. "Humu muko mutu analala."

Hukusema kwa huzuni. Ulisema kama mtu anayesema chai ipo. Wale wasichana walitazamana na nyuso zao nyeupe. Yule mwenye bakuli alikuja polepole, akakuwekea poda kidogo begani, kwa vidole viwili, akarudi nyuma. Wakaondoka kimya kimya na nyimbo zao. Nawe uliifuta ile poda kabla ya kuingia, ukafunga mlango bila kubamiza.

Nilikaa chini pale pembeni ya nyumba. Nilikuwa nimezika watoto wawili kwa mdomo wangu, na mmoja alikuwa bado anatembea.

Ni mimi niliyempigia simu mjomba wako. Ulidhani amekukumbuka mwenyewe kwa ile nafasi ya ualimu. Nilimpigia nikamwomba radhi kwa yale matusi ya zamani, nikamwambia amchukue mwanangu kabla sijamaliza kumwua. Akasema darasa la pili la shule ya kwao halina mwalimu.

Sasa lililo gumu, ambalo ndilo sababu ya kutokuapa kwangu.

Unamkumbuka Trésor, yule kijana wa Mbuji-Mayi, mrefu, anayechimba kwa Kasongo. Mwaka jana alikuja hapa mchana, amevua kofia. Alisema, "Papa, galerie yetu ya chini ya udongo iko inakuya karibu na kwenu. Kama unapenda, tunaweza kumutafuta yaya Mwamba, tumutoshe, mumuzike muzuri." Nilimfukuza. Nilimwita mwizi wa makaburi, nikamwambia akanyage tena uwanja wa lupango yangu aone. Wewe uliniletea fimbo. Siku nzima nilijiona baba kweli.

Juma lililopita nilikwenda mwenyewe kumtafuta. Nilimkuta anakula mkate juu ya gunia. Nilimwambia kwamba usiku hatutasikiliza tena, na kwamba Kasongo hatagongewa mlango tena. Alidhani namtega. Nikamwambia, "Mukimukuta, muniite. Lakini musimutafute. Mutu muzima asikufe sababu ya mwenye alishakufa."

Alitafuna mkate wake kwanza. Kisha akasema, "Papa, mi kama naanguka, juu yangu hakuna nyumba." Hakusema kwa kulalamika. Aliniahidi kuniita.

Nimefikiri sana juu ya lile neno. Sisi tuliweka nyumba juu ya Mwamba na tukajisifu kumlinda. Tulimlinda dhidi ya watu pekee ambao wangeweza kumtoa. Vijana wale si wanyama. Wengi wana umri aliokuwa nao yeye, na wanajua kuliko padri maana ya kukuta buti kwenye udongo.

Najua unavyosoma hapa. Umekunja uso, unasema mikono ya wageni itamshika kaka yako gizani. Ndiyo, itamshika. Na huenda wasimkute kamwe. Huenda wakamkuta wakaogopa, wakafunika, wasiseme. Sina dhamana ya lolote. Lakini nimechagua. Mama yako anajua. Nilipomwambia alifuta mikono kwenye kitenge chake akasema saa ya jambo hilo ilikuwa imefika, akarudi kwenye maandazi. Nikikupigia simu, uje tumzike, na mjomba wako aje atamke mbele ya watu kwamba kilio kimekwisha. Nisipopiga, usiniulize kila juma. Fundisha.

Huko Musumba watu wanalima mihogo, na wakilala wanalala. Mwanzo hutaweza. Utaamka sikio lako linatafuta mlio, na kimya cha kule kitakutisha kuliko nyundo. Mimi pia nitaamka hapa, najua. Usijigombeze kwa hilo, wala usilifanye kazi. Na darasa la pili lina watoto wengi, wote wanapiga kelele kwa pamoja. Mama yako anasema utapata maumivu ya kichwa. Upate. Siku mtoto mmoja atakapofanya upuuzi nawe ukacheka kabla hujakumbuka, usitoke nje kwenda kuomba msamaha kwa mtu yeyote. Kwangu hasa usiombe. Mimi ndiye niliyekufundisha ule uso uliojifunga, na nauonea aibu kila ninapokutazama ukila.

Nimekufunza mabaya mengi, mwanangu, lakini upendo wangu kwako haukuwa mdogo. Hilo nililiacha bila kulisema kwa sababu nilidhani mwenye hatia kama yangu hana haki ya kulitamka. Nakupenda. Hata nikiandika mkono unaona haya.

Leo mchana, ulipokwenda kwa kwaya, niliingia chumbani nikatoa mkeka wako nikampa Mama Kasongo. Mlango nimeufunga, ufunguo uko mfukoni mwangu, na sitakupa hata ukipiga magoti. Asubuhi lori likipiga honi barabarani utasema uingie kidogo tu, umuage kaka yako. Hutaingia. Ukiingia utalaza sikio chini, ukilaza sikio utasikia kitu, na ukisikia kitu hutaondoka mwaka huu wala mwaka kesho. Utaniita jina baya mbele ya watu. Utaninyima mkono. Mama yako atalia na atakuwa upande wako.

Nichukie, Mujinga. Nichukie njia nzima mpaka Musumba, ni njia ndefu na mashimo ni mengi. Lakini panda lori.

Baba yako